Kyoto nao wana tui lao: Soko la Nishiki na darasa la mapishi nyumbani kwa mtu

Mimi napika shughuli. Harusi, hitima, maulidi, chochote kinachotaka masufuria makubwa na watu wa kuyashika, hapa Tanga mjini na Muheza, mara nyingine hadi Pangani. Natanguliza hilo ili anayesoma ajue natazama kwa jicho gani. Nilikwenda Japani mwezi wa Novemba kumtembelea mdogo wangu anayesoma Kyoto, na katika wiki mbili zile nilitaka kurudi na kitu kimoja ninachoweza kukipika nyumbani bila kushika karatasi.

Nililipia madarasa mawili. La kwanza silitaji jina. Lilikuwa la saa moja na nusu kwa yeni 8,000. Tulikuta wali umeshapikwa na kutiwa siki, samaki ameshakatwa, mboga zimeshapangwa kwenye visahani. Kazi yetu ilikuwa kuviringisha tu. Nikaviringisha, nikapigwa picha, nikapewa cheti. Tulipotoka nje mdogo wangu akaniuliza, "Dada, umejifunza nini?" Nikakosa la kumjibu. Iliniuma, maana fedha ile niliipata kwa kusimama juu ya moshi.

La pili ndilo lililonifanya niandike. Yeni 9,500 kwa mtu, kama laki moja na sitini za kwetu, kwa saa tano: sokoni kwanza, halafu jikoni nyumbani kwa mwalimu. Wanafunzi tulikuwa wanne, mimi na mdogo wangu na mke na mume kutoka Ufaransa. Mwalimu ni mama mtu mzima, wa umri wa kuitwa bibi. Tulimwita sensei, na hapa pia nitamwita hivyo. Hana mgahawa wala bango. Anafundisha jikoni mwake, kaskazini mwa mji.

Tulikutana saa tatu na nusu asubuhi mwisho wa mashariki wa Soko la Nishiki, penye hekalu la Nishiki Tenmangu. Ukitaja soko, mtu wa Tanga anawaza Mgandini: magunia, wapiga debe, tope mvua ikinyesha. Nishiki ni kichochoro kimoja kilichonyooka, urefu wake kama mita 390, maduka yapata 130 yanatazamana pande mbili, na juu kuna paa la rangi nyekundu, manjano na kijani. Kwa upana, watu wanne wakikutana mmoja lazima ageuke ubavu. Wenyeji wanaliita jiko la Kyoto. Kufika ni rahisi, unashuka stesheni ya Shijo au ya Kyoto-Kawaramachi na kutembea dakika chache.

Kyoto haina bahari, na swali langu la kwanza lilikuwa hilo: soko la samaki linafanya nini katikati ya nchi? Sensei akatuonyesha chini. Ardhini mwa soko hilo kuna maji baridi na safi, na zamani, kabla ya barafu za mashine, wauza samaki waliyatumia kuhifadhi samaki wao. Kibali chao rasmi cha kuuza samaki hapo walikipata mwaka 1615. Mimi nimezaliwa karibu na maji ya chumvi, samaki kwetu anateremka pale Deep Sea akiwa bado anarusha mkia, kwa hiyo sikuwahi kufikiri kwamba kuna watu walijenga upishi wao mzima juu ya samaki aliyesafiri. Huko ndiko kwenye siri ya chakula cha Kyoto, na bila kupita sokoni nisingeijua.

Chukua mfano wa kibua. Sensei alisimama kwenye sinia la samaki wenye mgongo wa mistari ya buluu akasema, "Saba." Nikadhani ananitajia idadi. Mdogo wangu akaniambia saba kwao ndiyo jina la samaki, na nilipoinama kumtazama nikamtambua, jamaa yake kibua wetu, mnene zaidi na mwenye mafuta. Zamani alivuliwa pwani ya Wakasa, akatiwa chumvi, akabebwa mabegani kupitia milimani zaidi ya kilomita 70 mpaka Kyoto. Njia ile mpaka leo inaitwa njia ya saba. Samaki akifika, chumvi ilikuwa imeshamkolea sawasawa. Hata samaki mkunga wao wa kiangazi, hamo, alipendwa Kyoto kwa kuwa ni mgumu wa roho, anavumilia safari na kufika mzima.

Kumchagua samaki hatukuhitaji mkalimani. Sensei alitazama jicho, akafunua shavu, akabonyeza tumbo kwa kidole. Na mimi nikafanya vilevile kwa yule wa pembeni yake. Akacheka, akaniachia mimi nichague.

Duka lililonikaa moyoni zaidi ni la vitu vikavu. Kabla hujalifikia unasikia harufu ya moshi, ile ya ng'onda akiwa juu ya kaa, lakini tamu kidogo. Ndani kuna sehewa aliyechemshwa, akafukizwa moshi na kukaushwa mara nyingi, na aliye bora anaachwa apate ukungu maalumu na kukaushwa tena kwa miezi. Anaitwa katsuobushi. Muuzaji alichukua vipande viwili akavigonganisha, vikalia kama mbao mbili kavu. Huwezi kumkata kwa kisu. Wanamparuza kwa kisanduku chenye wembe juu, ambacho fundi seremala yeyote wa kwetu angekiita randa, na yanayotoka ni maganda mepesi ya rangi ya waridi, ukipuliza yanaruka.

Pembeni yake kulikuwa na mwani, kombu, majani mapana meusi yenye vumbi jeupe kama chumvi. Hapo ilibidi nisimame. Shangazi yangu ameolewa Paje, Unguja, na amelima mwani miaka mingi, akiinama kwenye maji ya kupwa tangu alfajiri. Mwani wa Zanzibar ni wa aina nyingine, huuzwa nje na kutolewa utomvu wa kugandishia vyakula na dawa, na wanaoulima, wengi wao wanawake, hawautii chunguni. Nikamwambia sensei kuhusu shangazi. Akauliza maswali mengi: wanapanda kwa mbegu au kwa kamba, wanakausha wapi, wanalipwaje kwa kilo. Nilipomjibu la mwisho alinyamaza kidogo, halafu akasema kitu ambacho mdogo wangu alikitafsiri hivi: anayeinama anastahili zaidi ya anayebeba. Kombu aliyoinunua siku hiyo ilitoka Rishiri, kisiwa cha kaskazini karibu na Hokkaido. Watu wa Kyoto wanaipenda kwa kuwa maji yake hubaki meupe.

Kwenye mboga nilikutana na majimbi. Wanayaita ebi-imo, yaani kiazi cha kamba, kwa kuwa yamepinda na yana mistari kama mgongo wa kamba. Ni zao la majira ya baridi. Duka la achari nalo nalisifu: figili na matango yamefukiwa kwenye mapipa ya pumba za mchele zilizotiwa chumvi. Sisi pumba tunawapa kuku. Wenzetu wamechachisha humo mboga kwa karne na karne, na unapoila inakuwa na uchachu mpole usiouma meno. Walikuwa pia wamekata mboga moja ya duara, nyeupe, kubwa kuliko kichwa cha mtoto, vipande vyembamba vya kupitisha mwanga. Jina lake senmaizuke, maana yake vipande elfu. Novemba ndiyo msimu wake unaanza.

Sasa nitoe hukumu yangu ya soko lenyewe, kwa kuwa nimeona watu wakilisifu lote kwa jumla. Ukienda Nishiki peke yako saa tano mchana, hutajifunza kitu. Saa hiyo kichochoro kimejaa hadi husogei, na sehemu kubwa ya maduka sasa yanauza vitu vya kijitini kwa wageni: pweza mdogo mwekundu aliyejazwa yai la kware kichwani, vipande vya nyama, kamba wa kuchoma, kwa bei ambayo mpishi wa nyumbani hawezi kuilipa kila siku. Sensei mwenyewe hakuficha. Alisema mboga za kila siku anazinunua dukani mtaani kwake, na Nishiki anakuja kwa mambo manne: kombu, katsuobushi, achari na kunoa visu. Kwa hiyo nenda mapema, kati ya saa tatu na nusu na saa nne na nusu, na nenda na mtu anayepika. Maduka mengi yanafunga saa kumi na moja au kumi na mbili jioni, na mengine hupumzika Jumatano.

Adabu moja ya hapo naisifu bila kusita: ukinunua chakula unakula palepale mbele ya duka. Kutembea huku unatafuna kunakatazwa, na matangazo yamebandikwa. Mama yangu angefurahi kuona hivyo.

Kama huna fedha ya darasa, basi angalau jifunze kununua dukani mtaani kama mdogo wangu. Jioni karibu na kufunga, wanabandika stika za kupunguza bei kwenye samaki na vyakula vilivyopikwa, mpaka nusu bei. Yeye huijua saa ya stika kama anavyojua saa ya swala. Kodi ya chakula ni asilimia 8, na mara nyingi bei mbili zimeandikwa pamoja, ya kabla na ya baada, kwa hiyo soma ile kubwa kabla hujafika kwa keshia.

Tulifika kwa sensei saa tano na nusu. Viatu mlangoni, mikono ikaoshwa, aproni, na kazi ya kwanza ikawa mchele. Alituoshesha mara nne, kwa kuukoroga kwa vidole vilivyokunjwa bila kuuponda, na maji ya kwanza yakamwagwa haraka yasirudi ndani ya punje. Maji ya pili hakuyamwaga. Aliyaweka kando kwenye bakuli, na nilipouliza akanionyesha majimbi: yangechemshwa kwanza kwa maji hayo ya mchele ili ukali utoke na yabaki meupe. Miaka ishirini napika majimbi ya nazi na sikuwahi kulijua hilo. Nimeshalijaribu nyumbani, ni kweli.

Mchele ulilowekwa nusu saa, ukapikwa kwenye chungu cha udongo chenye mfuniko mzito: moto mkali mpaka ukachemka, kisha mdogo, kisha ukazimwa ukaachwa umefunikwa. Kwetu tungepalia makaa juu. Ulipofunuliwa, sensei alipitisha mwiko chini, akainua ukoko wa rangi ya kahawia, akauweka kwenye sahani yangu. Wao wanauita okoge na wanaugombania kama sisi.

Wali ukiwa unapumzika ndipo tukafika kwenye lile lililonipeleka: dashi, yaani maji ya kupikia yaliyotiwa ladha ya kombu na katsuobushi. Maji lita 1, kombu gramu 10. Kombu ilikuwa imeshalowekwa, ikawekwa kwenye moto mdogo sana, maji yasifike kuchemka, na sensei akaketi. Alituketisha na sisi. Karibu saa nzima tulizungumza huku sufuria ikifuka mvuke kidogo, na kila mara akitia kidole kwenye mvuke kuliko kutazama kipimajoto. Kisha akaitoa kombu, akaongeza moto kidogo, akauzima, akamwaga gramu 30 za maganda ya katsuobushi. Yalielea, yakanywea, yakazama. Dakika moja tu. Akatandika kitambaa juu ya chujio akamimina.

Mkono wangu ukaenda wenyewe kwenye kitambaa kukamua. Akanishika kifundo cha mkono, polepole, akatikisa kichwa. Ukikamua, unaleta uchungu na unayachafua maji. Akaacha yadondoke yenyewe mpaka tone la mwisho. Halafu yale makapi, kombu na maganda, akayarudisha sufuriani na nusu ya maji ya mwanzo, na safari hii akayachemsha hasa, dakika kumi, na akaniambia sasa ruhusa, kamua.

Nikamwambia mdogo wangu, mwambie sensei hili ni tui. La kwanza ni kasimile, la pili ni tui la pili. Mdogo wangu akaeleza nazi inakunwaje kwa mbuzi, inatiwa maji, inakamuliwa, na machicha yanarudiwa. Sensei akainuka akaandika maneno hayo kwenye ubao wake mdogo wa jikoni, tui na kasimile, kwa herufi zao. Na matumizi ni yaleyale! Maji ya kwanza, yenye rangi ya asali nyepesi, ni ya supu nyeupe na mayai, mahali ambapo ladha yake itasikika yenyewe. Maji ya pili ni ya kuchemshia majimbi na ya supu ya miso, ile soya iliyosagwa na kuchachushwa. Kama vile sisi tunavyoivisha mchuzi kwa tui la pili na kumalizia kwa kasimile. Tangu hapo kila alichotuonyesha kiliingia mahali pake kichwani mwangu, kwa sababu nilikuwa nimeshapata mlango. Hata makapi ya mwisho hayakutupwa, aliyakatakata akayakaangia sosi ya soya na ufuta yawe kitoweo cha wali.

Alitueleza pia kuwa Kikunae Ikeda, profesa mzaliwa wa Kyoto, ndiye aliyegundua mwaka 1908 ni kitu gani ndani ya kombu kinachotoa utamu ule usio wa sukari, akauita umami. Baadaye, mwaka 1913, mwanafunzi wake Shintaro Kodama akakipata cha katsuobushi. Viwili hivyo vikikutana ladha yake inapita jumla ya kimoja kimoja. Mpishi wa pwani analijua hilo kwa ulimi: ndiyo sababu kipande kidogo cha papa mkavu kinabadilisha chungu kizima cha mchicha wa nazi.

Mapishi mengine nayapitia upesi. Mchicha wa ufuta uliotwangwa ni rahisi na mtamu. Supu ya miso, kumbuka miso inatiwa mwisho na haichemshwi tena. Miso ya Kyoto ni nyeupe na ina utamu. Kibua tulimmwagia maji ya moto kwanza kuondoa shombo, tukampika na miso na tangawizi, na juu yake sensei aliweka kifuniko cha mbao kidogo kuliko sufuria, kinachokaa juu ya samaki mwenyewe. Mchuzi unapanda, unagonga mbao, unarudi chini, na samaki havunjiki. Nimeshamwagiza fundi anichongee viwili vya mvule kwa ajili ya pweza.

Mayai ndiyo yaliyotutoa jasho. Dashimaki ni mayai matatu na dashi ya kwanza mililita 90, maji mengi kiasi kwamba unaona kabisa hayatashika. Yanamiminwa kidogo kidogo kwenye kikaango cha mstatili, yanaviringishwa kwa vijiti, yanamiminwa tena. La kwanza langu lilichanika mara mbili. Sensei akanifundisha kwamba tabaka la mwisho likiwa zuri linafunika yaliyochanika ndani, na moto usipunguzwe kwa woga, unainua kikaango badala yake. La tatu lilisimama. Ukilikata linatoa maji mdomoni, laini kuliko yai lolote nililowahi kula. Humo alitia sosi ya soya yenye rangi nyepesi, akanionya: nyepesi kwa rangi, lakini chumvi yake inazidi ile nyeusi. Kyoto wanaipenda ili chakula kisibadilike rangi.

Kwa Waislamu wenzangu, hili ni muhimu. Upishi wa Kijapani wa kawaida unatia mirin na sake, yaani pombe za mchele, karibu kila mahali, na mirin halisi ina kilevi kama asilimia 14. Achari nyingi, sosi za kuchomea na hata baadhi ya vyakula vya sokoni vinakuwa navyo bila kuonekana. Ndiyo sababu yule pweza wa kijitini sikumla. Niliandika mapema kabla ya kulipa kwamba vitu hivyo situmii, na sensei akajibu siku hiyohiyo. Kwenye kibua alitumia maji na tangawizi zaidi, kwenye majimbi sukari kidogo na dashi. Aliviondoa hata vile vya wanafunzi wengine ili tule chungu kimoja. Sosi ya soya nayo hupata kilevi kidogo kwa kuchachuka kwenyewe. Wanazuoni wana maneno yao juu ya hilo, na wenye kujizuia wanaweza kupata ya halali yenye cheti. Mimi nilibeba yangu, aliipokea kwa mikono miwili akaitumia. Adhuhuri ilipofika alinifungulia chumba cha mikeka akanionyesha dirisha la upande wa magharibi.

Kasoro zipo. Karatasi ya mapishi aliyotupa imeandikwa kwa vikombe, na kikombe cha Kijapani ni mililita 200, ila kikombe cha kupimia mchele ni 180. Hakuna palipoelezwa, na mtu akifuata karatasi ile nyumbani kwa kikombe chake wali utaharibika. Jiko ni dogo, wanne tulibanana, na kwenye mayai kila mmoja alingoja zamu dakika kumi na zaidi. Anayetaka sushi na tempura ataondoka hana alichokuja kufuata. Na asiye na mkalimani atapoteza nusu ya maneno yake, kwa sababu Kiingereza cha sensei ni kidogo na yaliyo bora anayasema kwa Kijapani. Kama humjui mtu wa kukutafsiria, uliza kabla.

Baada ya darasa nilirudi Nishiki kununua kisu kwenye duka la Aritsugu, ambalo limekuwapo tangu 1560 na lilianza kwa kufua panga za kivita. Walinichongea jina langu kwenye bapa la kisu nikiwa nimesimama. Ni chuma kinachoshika kutu, na kwa upepo wetu wa chumvi lazima ukipanguse kila ukimaliza na kukipaka mafuta kidogo. Kiwekwe kwenye mzigo wa chini ya ndege, siyo mkobani.

Nimerudi Tanga miezi mitatu sasa. Mara ya kwanza nilipopika dashi kwa maji ya kisima ilikuwa nzito na haikutoa harufu. Nikakumbuka sensei alisema maji ya Kyoto ni laini, ndiyo yanayoifungua kombu. Nikajaribu kwa maji ya chupa, ikaja vilevile kama nilivyoinywa kwake. Katsuobushi ilipoisha nilitumia ng'onda wa sehewa, nikamtoa kichwa na matumbo, nikamchoma kidogo kwenye kaa kabla ya kumtia. Inakuwa kali zaidi na rangi yake ni nyeusi kidogo, lakini kwa majimbi inafaa kabisa. Mama alikula bakuli mbili akauliza nimetia nyama gani.

Kombu imebaki vipande vitatu. Mdogo wangu anakuja likizo Agosti, na orodha nimeshamtumia.